Tundu la Hewa Ambalo Sikulikagua

Siku ile mliponiaga kiwandani nikistaafu, mkanipa thamosi na blanketi kana kwamba naenda kulazwa hospitali, mmoja wenu alisimama akasema, "Mathe, tuandikie hayo maneno yako ya meli kabla hujaenda nayo ushago." Mkacheka, nami nikacheka. Nikaahidi. Sasa niko nyumbani kijijini, nimenunua daftari, nimeandika maneno ishirini na mawili na maana zake, halafu kalamu ikagoma. Kila neno niliandika nikisikia sauti ya mtu mmoja, yule aliyenifundisha. Mtu huyo nilimkosea, na hakuna hata mmoja wenu anayejua. Orodha mtaipata, iko nyuma ya daftari. Lakini kwanza someni haya.

Sitawaambia nilipandishwa cheo lini wala nilikuwa nikilipwa nini. Hayo hayamfundishi mtu kitu, na mengine bado yananiudhi.

Nilianza kazi katika ghala la kahawa nje kidogo ya mji wa Nyeri. Nilikuwa na cheti cha taipu na sketi moja ya kazi. Kazi yangu ilikuwa kuandika karatasi za kahawa inayokwenda ng'ambo kwa meli, na bahari sikuwa nimeiona. Maji mengi niliyowahi kuyaona ni Mto Chania ukifurika. Siku ya kwanza nikapewa karatasi ya mfano, nikaambiwa ninakili. Nikanakili. Sikuelewa hata nusu, lakini taipu yangu ilikuwa safi, na niliona hiyo inatosha.

Haikutosha kwa Mzee Kanyi. Wakati huo hakuwa mzee bado, alikuwa na miaka arobaini na kitu, msimamizi wa upakiaji, mtu mrefu mwenye koti la kaki lililojaa chokaa mifukoni. Ujanani alikuwa kuli bandarini Mombasa kwa miaka kadhaa, mpaka baba yake akamwita arudi kulima kule juu ya Othaya. Alirudi na maneno ya bahari, na alirudi na tabia moja: hakuvumilia mtu kuandika neno asilolijua. Alichukua karatasi yangu ikiwa bado moto kwenye mashine.

"Umeandika hapa ati 'chini ya sitaha'. Sitaha ni nini?"

"Ni sehemu ya meli," nikasema.

"Sehemu! Hata choo ni sehemu. Kuja."

Akanipeleka ghalani, akachukua karatasi ya kaki, zile tunazotandika ndani ya kontena, akachora meli kwa chokaa. "Huku mbele ni omo. Huku nyuma ni tezi. Hii sakafu ya juu, inapigwa na jua na mawimbi, ndio sitaha. Na huku chini kabisa ndani, penye maji machafu inakusanyika, ni ngama. Watu wa pwani wanasema, kwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Unazunguka mbele, unazunguka nyuma, mwisho uko hapa chini tu." Nikamuuliza hayo yote yanahusu nini kahawa. Akanitazama kwa huruma. "Kontena ya kahawa ikiwekwa juu ya sitaha, jua itaipika mwezi mzima. Ukisahau kuandika hayo maneno mawili matatu, wewe umepika kahawa ya watu ukiwa hapa Nyeri umekalia kiti."

Kisha akaniingiza ndani ya kontena tupu na kufunga milango. Aki, nilitaka kulia. Giza tupu, harufu ya chuma na ya mizigo ya watu nisiowajua. Nikasikia sauti yake nje: "Simama tu. Ngoja macho yako izoee. Sasa niambie, unaona nyota?" Baada ya muda nikaona moja, kitone cha mwanga karibu na kona ya juu. Akaniambia nikigonge kwa kidole, naye akakizungushia chokaa kwa nje. Ndivyo tulivyotafuta matundu ya kutu, na ndivyo mnavyofanya hadi leo, ila nyinyi mnaogopa giza kuliko mimi na mnawasha simu, na mkiwasha simu hamwoni kitu.

Alikuwa na dini yake, na dini yenyewe ilikuwa kufunga. Kahawa hunyonya harufu, na chai, ambayo nayo tuliipakia, ndiyo mbaya zaidi. Kontena likiwa limebeba samaki au sabuni, Mzee alilijua kwa pua kabla ya kufika mlangoni, akalirudisha. Lililo safi alilifunga kila tundu: yale ya kutu kwa gundi na utepe, na yale ya hewa yaliyo ubavuni kwa utepe pia, chai ikiwa ndani. Hata kantini alikuwa akipita akifunga madirisha. Tulimtania kwamba siku moja atamkosesha mkewe pumzi. "Mke wangu hanukii samaki," alijibu, na akafunga lile la mwisho.

Neno nililolielewa polepole kuliko yote ni hati safi. Mkiona hati ya shehena imeitwa safi, maana yake aliyepokea mzigo ameuangalia kwa macho yake na hakuona kasoro. Mwaka mmoja kahawa yetu ilifika ng'ambo ikiwa na ukungu, kwa sababu ya lile tunaloliita jasho la kontena: unyevu hupanda juu joto likizidi, kisha hudondoka juu ya magunia kama mvua. Karatasi zetu zote zilikuwa safi. Mfanyakazi mmoja alikuwa ameandika kwamba mifuko ya kunyonya unyevu imetundikwa, na mifuko yenyewe ilikuwa bado kwenye sanduku ghalani. Mzee Kanyi hakumpigia kelele. Alimwonyesha lile sanduku, akamwambia, "Karatasi haina macho. Macho ni yako. Usiipatie kazi ambayo haiwezi." Kijana yule aliacha kazi mwezi uliofuata kwa aibu. Mimi nilimwona mjinga sana. Kumbukeni nimesema hivyo.

Baadaye kahawa ilishuka, kama mnavyojua, na watu wakaanza kupanda maparachichi. Mzee Kanyi na mimi tukahamia kwenye kiwanda hicho chetu cha kupakia matunda, hapo chini ya Othaya. Kabla ya kuanza tulipelekwa Timau wiki mbili, kwenye shamba la maua linalosafirisha kwa meli, tujifunze rifa, yaani kontena lenye mashine ya baridi. Upepo wa mlimani kule Timau hauna adabu. Mzee alivaa makoti mawili na bado akalalamika. Fundi aliyetufundisha alitoka Mombasa, naye alikuwa amevaa manne.

Huyo fundi alituonyesha tundu la duara karibu na mashine, lenye kifuniko cha kuzungusha na alama za vipimo. Akatueleza kwamba tunda likichumwa halijafa, bado linapumua. Ukilifungia ndani bila hewa, linavuta pumzi yake lenyewe, linaiva njiani, linaoza kabla halijaona gati. Kwa hivyo rifa likija tupu tundu huwa limefungwa, na kazi ya mwisho kabisa, ukishapakia, ni kulifungua hadi alama inayotakiwa. Mzee Kanyi alirudi kulitazama lile tundu mara tatu siku hiyo. Tukiwa tunakula githeri ndipo akaniambia, "Muthoni, mimi nimefunga matundu miaka zaidi ya thelathini. Sasa nikifika miaka sitini naambiwa ati nifungue."

"Utazoea," nikamwambia.

"Kichwa kitazoea. Kichwa changu naamini. Ni huu mkono siamini." Akauinua, akautazama. "Huu utaifunga tu, ama utaiacha ikiwa imefungwa na uone ni sawa. Sasa sikia. Usiwahi kuniacha nipige sili kabla wewe hujakuja. Simama hapo, usome kwa karatasi kwa sauti. Mimi nifungue ukiniona. Halafu ndio uandike."

Sili ni kile kifuli cha chuma cha mlango wa kontena. Kikishafungwa hakifunguliwi, huvunjwa, na hicho huvunjwa ng'ambo. Basi tukakubaliana, tukafanya hivyo kila kontena, mvua au jua. Nilisimama na ubao wangu wa karatasi nikisoma, "Baridi!" Naye anasoma namba kwenye mashine. "Tundu!" Naye anazungusha kifuniko hadi alama. "Nimeona," nasema. "Andika," anasema. Madereva walitucheka kwamba tuko chekechea. Miaka mitano hatukupoteza kontena hata moja.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe.

Mzee Kanyi alikuwa amewashawishi majirani zake wang'oe kahawa wapande maparachichi. Ukiijua Othaya unajua maana ya kumwambia mtu ang'oe kahawa iliyopandwa na babake. Alienda nyumba kwa nyumba, akasimama hata kanisani wakati wa matangazo. Walimwamini kwa sababu alikuwa mzee wa kanisa, na hakuwa mtu wa maneno mengi. Wakaunda kikundi. Miti ikakua, ikazaa, na mwaka ulifika ambapo matunda ya kikundi peke yake yalitosha kujaza kontena. Nilipiga chapa jina la kikundi pale juu ya hati, mahali pa mwenye shehena. Mzee aliomba aone. Alilisoma na kidole chini yake, herufi moja moja, kisha akarudia tena.

Siku ya kupakia ilikuwa Alhamisi, na mvua ilinyesha tangu asubuhi. Akina mama wa kikundi walikuja kushuhudia, wamejifunika magunia vichwani. Mmoja wao aliweka mkono kwenye mlango wa kontena akaomba, akalitaja kontena kwa Mungu kama mtu anayesafiri. Mimi nilikuwa ofisini. Wakala wa meli alikuwa akipiga simu kila baada ya dakika chache, kwa kuwa bandari hukata muda wa kupokea mizigo ya kila meli, na dereva wetu alikuwa amechelewa.

Na nilikuwa nimetengeneza nywele.

Niliwaza kuliacha hilo, kwa sababu linatia aibu kuliko yote. Jumamosi ile ilikuwa ruracio ya binti yangu, siku ya kuletwa mahari, wakwe wangekuja nyumbani, na asubuhi hiyo nilikuwa nimekaa saluni saa tatu nzima. Mwavuli wa ofisi ulikuwa umebebwa na mtu wa stoo. Kutoka mlango wa ofisi hadi pale pa kupakia hakufiki hatua mia. Nikatazama mvua, nikatazama kioo. Nikajiambia Mzee Kanyi hajawahi kukosea. Dereva alipoingia kuchukua karatasi, nikaandika: baridi, sawa. Tundu la hewa, wazi. Nikatia sahihi. "Mpatie Mzee," nikamwambia.

Nilimwona kwa dirisha. Alipokea ile karatasi, akaikinga kwa koti, akasoma. Akainua kichwa akatazama upande wa ofisi. Akangoja. Akaisoma tena. Nadhani alijiambia kwamba nilipita upande wa pili alipokuwa na akina mama, au kwamba sisi wawili tulishamaliza na yeye amechanganyikiwa na kelele. Sahihi yangu ilikuwa pale. Akapiga sili. Akina mama wakaimba, lori likaondoka, na Jumamosi wakwe wakasifu nywele zangu.

Zaidi ya mwezi ulipita. Barua pepe ilikuja asubuhi, na picha. Sitazieleza sana. Masanduku yalifunguliwa na ndani mlikuwa na kitu cheusi kinachochuruzika. Ripoti ya mkaguzi wa kule ilisema kila kitu kilikuwa sawa, baridi ilikuwa sawa, isipokuwa tundu la hewa lilikutwa limefungwa kabisa.

Meneja wetu wa wakati huo, mtu wa Kakamega, mpole na wa haki, alituita sote wawili. Aliweka ripoti mezani, na kando yake ile karatasi yangu.

"Mzee, wanasema tundu lilikuwa limefungwa."

Mzee Kanyi alijibu palepale. "Mimi sikumbuki tukilifungua. Nakumbuka dereva akiniletea karatasi. Sikumbuki Muthoni akisoma."

Meneja akanigeukia. "Muthoni, ulitoka kukagua?"

Nimeishi na ile nafasi kati ya swali na jibu miaka tisa. Mume wangu alikuwa amefariki. Kijana wangu wa mwisho alikuwa chuoni. Nawaambia ili mjue, wala si kwamba yanatosha.

"Nilitoka," nikasema.

"Na ulikuta liko wazi?"

"Niliandika nilichoona."

Mzee Kanyi aligeuza kichwa akanitazama. Laiti angekasirika! Alinitazama kama mtu anayejaribu kukumbuka ameweka wapi kitu chake. Alitafuta, nikamwona akitafuta. Kisha akasema polepole, "Kama Muthoni aliona iko wazi, basi ilikuwa wazi. Basi ni mimi nilirudi nikaifunga. Na sikumbuki." Akaugusa mkono wake wa kulia, halafu paji la uso. "Ngai. Kumbe sasa ni kichwa."

Meneja alimsihi abaki, akamwambia kosa ni la kila mtu, apewe hata kazi nyepesi. Alikataa. Alisema mtu asiyejua alichofanya dakika tano zilizopita hafai kusimama karibu na mali ya watu. Akakunja koti lake la kaki, akaenda nyumbani.

Pale kijijini hakuna aliyemtukana. Wengine walivumilia, wengine walikata miti wakachoma makaa. Yeye mwenyewe alijiuzulu uzee wa kanisa. Nilikuwa nikisikia habari zake kwa mama mmoja anayeuza ndizi sokoni Othaya, jirani yake. Aliniambia Mzee Kanyi haendi sokoni peke yake tena. Hashiki simu. Hakamui ng'ombe mpaka mkewe asimame hapo, asije akakamua mara mbili. "Na ukimwangalia ni mzima," yule mama alisema. "Ni kama mtu amemwambia ni mgonjwa na yeye akakubali." Nilinunua ndizi nyingi kuliko nilivyohitaji, nikaenda zangu.

Mwanzoni niliogopa kupoteza kazi. Baadaye, kazi ilipokuwa haina hatari tena, nilimwogopa yeye. Kila mwaka uliopita ulifanya mwaka uliofuata kuwa mgumu zaidi. Mtu akikuambia uongo haupimiki kwa urefu, mwambie aje kwangu.

Nyinyi mlinijua baada ya hapo. Mlimjua mama wa gambuti na koti la mvua, anayekwenda kusoma "Tundu!" hata kwenye mvua ya mawe, anayewarudisha nyuma mkitia sahihi mkiwa kwenye kiti. Mnakumbuka yule msichana niliyemgombeza mbele ya watu mpaka akalia, kwa sababu alijaza fomu kantini. Alikuwa na haki ya kulia. Sikuwa nikimgombeza yeye.

Wiki ya pili baada ya kustaafu nikapanda kwenda kwake. Nyumba iko juu kabisa ya mgongo wa kilima, na unaona chai kila upande. Mkewe, Mama Gathoni, alinipokea kwa mikono miwili. "Haiya, Muthoni! Umepotea hivi, kwani tulikukosea?" Mzee alikuwa sebuleni na blanketi magotini. Alinitambua mara moja. "Msichana wa taipu," akasema. "Umezeeka kabisa." Tukacheka. Mkewe akanipa kikombe cha chai, akarudi jikoni. Nikaona karatasi zimebandikwa kila mahali, mwandiko wa Mama Gathoni: ZIMA GESI. UMEKUNYWA DAWA YA ASUBUHI. NG'OMBE AMEKAMULIWA.

Alinifuata macho. "Hizo ni zangu," akasema bila aibu. "Mimi kichwa iliharibika zamani, tangu ile kontena. Niliifunga tundu na sikujua. Unakumbuka?"

Nikaweka kikombe chini.

"Mzee, hukulifunga," nikasema. "Halikufunguliwa kamwe. Mimi sikutoka nje siku hiyo. Nilitia sahihi nikiwa ofisini, kwa sababu ya mvua na nywele zangu. Na kwa meneja nilidanganya. Wewe ulikumbuka sawa. Mimi ndiye niliyesema uongo."

Nilijitayarisha. Nilikuwa nimejitayarisha kulaaniwa, hata kufukuzwa, na nafikiri nilitamani.

"Hatukuifungua?" akauliza.

"Hatukuifungua."

"Nilisema hivyo kwa meneja. Nilisema, sikumbuki Muthoni akisoma."

"Ulisema hivyo hasa."

Basi akasimama. Blanketi likaanguka. Akapiga makofi mara moja, uso wote ukafunguka, akaita, "Mama Gathoni! Mama Gathoni, kuja! Nilikumbuka vizuri! Kichwa yangu ilikuwa sawa!" Mkewe akaja mbio kutoka jikoni na mwiko mkononi, na yeye akamweleza, akirukaruka maneno kama kijana, na mimi nikarudia kila kitu mbele yake. Mzee alinishika mkono akacheka machozi yakimtoka. Hakunilaumu hata kwa neno moja. Mama Gathoni alisimama pale akitazama sakafu, akarudi jikoni.

Tukanywa chai. Aliniuliza habari za watoto, za mvua, za Nyeri. Kikombe chake kilipobaki na kidogo chini, akatazama karatasi za ukutani, akanigeukia kwa upole.

"Hizo ni zangu," akasema. "Mimi kichwa iliharibika zamani, tangu ile kontena. Niliifunga tundu na sikujua. Unakumbuka?"

Mama Gathoni alinisindikiza mpaka langoni. "Ilianza mwaka juzi," akasema. "Daktari alisema sasa huu ni ugonjwa wa kweli. Kabla ya hapo alikuwa mzima, Muthoni. Miaka saba mume wangu alikuwa mzima na alikaa kama mgonjwa. Ungekuja hata mwaka juzi."

"Nisamehe," nikasema.

"Mimi usiniombe kitu. Rudi Jumamosi umwambie tena."

Huwa narudi kila Jumamosi. Namwambia tangu mwanzo, mvua, nywele, meneja, siruki kitu. Anasimama, anapiga makofi, anamwita mkewe. Mama Gathoni anatoka jikoni kila mara, anamshika bega na kumwambia, "Ndiyo, Baba Gathoni, ulikumbuka vizuri." Kwangu hanitazami. Tunakunywa chai, tunaongea habari za mvua. Kisha chai inaisha, na Mzee Kanyi ananieleza kwa upole kwamba kichwa chake kiliharibika tangu ile kontena, nami naweka kikombe chini na kuanza upya.